Mgeni wa Mstari wa Sita

Kitabu kiliingia nyumbani saa nane mchana kikiwa kimevalishwa jalada la gazeti kama daftari la mwanafunzi, na aliyekileta hakuwa na nia mbaya hata chembe. Alikuwa mwalimu wa chekechea wa mtaa ule, binti mpole ambaye amezoea watoto hadi anaongea na watu wazima kana kwamba nao wana miaka minne. Alikuwa amepata kazi ya muda ya ukarani wa sensa, na kesho yake angefanya mtihani wa mafunzo. Alitaka mtu wa kumsikiliza.

"Bibi, nisaidie," alimwambia Mkunga. "Wewe shika kitabu, mimi nieleze. Nikikosea nisahihishe."

Mkunga alikuwa amestaafu, lakini jina la kazi halina pensheni, linaendelea kufanya kazi. Aliishi kwa binti yake, msusi mwenye saluni ya viti viwili hapo hapo barazani, na kwa mkwe wake, ambaye mtaa mzima ulimwita Takwimu. Huyu alikuwa mtumishi wa ofisi ya takwimu za idadi ya watu, na kitabu chenyewe kilikuwa chake. Yeye ndiye aliyekiandika: mwongozo wa makarani wa sensa, kurasa mia moja na tisini, bila kicheko hata kimoja. Kilikaa miaka mitatu kikisubiri kuchapwa, na nyumbani walikuwa wakikisikia tu, kama ndugu aliyeko ng'ambo.

Mkunga akavaa miwani, akaketi sawasawa. Mwalimu akaanza.

"Ukurasa wa arobaini na nne. Kaya ya mfano. Hapa dodoso limejazwa lote ili tuone. Mstari wa kwanza, mkuu wa kaya, mwanamume, miaka thelathini na minane, kazi yake mtakwimu. Wa pili mke wake, msusi. Wa tatu binti yao, miaka minane. Wa nne na wa tano pacha, wa kike wote, umri sifuri sifuri."

"Sifuri sifuri?"

"Mtoto asiyetimiza mwaka anaandikwa sifuri mbili, Bibi."

"Ehe. Endelea."

"Wa sita sasa! Huyu ndiye mtego, lazima watatuuliza. Mama mkwe, miaka sitini na mmoja, mjane, mkunga mstaafu. Huyu usimhesabu. Unaona alivyopigwa mstari? Pembeni imeandikwa: mgeni, hajatimiza miezi sita. Asihesabiwe hapa, ana makazi yake kwingineko."

Mwalimu alikuwa na furaha ya mtu aliyekumbuka yote. Ilichukua muda kidogo kabla hajasikia alichokisema mwenyewe. Akatazama barazani, msusi anasuka. Akatazama uani, pacha wawili wanagombania ndoo. Akamtazama Mkunga, kisha akayaona maji yameshamwagika.

"Bibi, ni mfano tu," alisema kwa sauti ndogo.

"Mfano mzuri," alisema Mkunga. "Niachie kitabu mpaka jioni. Nataka kukisoma chote."

Hapo ndipo mambo yalipoharibika. Mtu akikasirika akapiga kelele, jioni huwa amechoka na mnaelewana. Huyu alikasirika akasoma kurasa mia moja na tisini.

Tumtendee haki Takwimu, hakuwa mtu mbaya. Mwongozo wa sensa iliyotangulia ulikuwa na kaya ya kubuni ambayo ndani yake mama alikuwa mdogo kwa mwanawe kwa miaka miwili, na makarani walicheka hadi wakafukuzwa darasani. Safari hii mkurugenzi alitaka kaya ya kweli. Takwimu akajaza ya kwake, mezani kwake, dakika ishirini, akaenda kunywa chai. Mkunga wakati huo alikuwa amekuja kupokea wajukuu, na mwongozo ulihitaji mfano wa mgeni. Kilichotokea baadaye hakikuingia kitabuni: binti alimwomba mama yake asirudi, mama akakabidhi nyumba aliyokuwa amepanga, akagawa kitanda na makabati, akabaki kulala chumba kimoja na pacha. Kule kwingineko hakukuwapo tena. Mkunga alikuwa na nyumba moja tu duniani, na sasa ilikuwa imeandikwa rasmi kwamba si yake.

Takwimu alirudi kutoka kazini saa kumi na moja na nusu. Alimkuta mama mkwe wake amesimama nje ya mlango wa sebule, mikono ameikunja mbele.

"Shikamoo, Mama."

"Marahaba, mkuu wa kaya. Hodi."

"Hodi?" Takwimu akatazama nyuma yake kuona kama kuna mtu mwingine.

"Hodi hapa. Naomba kupita."

"Mama, pita tu, kwani..."

"Sijakaribishwa."

"Karibu, Mama."

"Ahsante." Akapita, akakaa ukingoni mwa kochi, mahali wanapokaa watu waliokuja kuleta kadi ya mwaliko. "Samahani, baba, choo cha hapa kiko upande gani?"

Pacha waliokuwa sakafuni waliona huo ni mchezo mzuri kuliko yote waliyowahi kuchezewa. Kuanzia dakika ile kila mmoja akawa anatoka nje na kupiga hodi, anakaribishwa, anatoka tena. Takwimu alikaribisha watu mara kumi na nne kabla hajavua viatu.

Mkewe aliingia kutoka saluni, mafuta ya nywele mikononi hadi kwenye viwiko, na ukurasa wa arobaini na nne akiwa ameshausoma. Akasimama katikati ya sebule.

"Baba Pacha. Umemfanya nini mama yangu?"

Sasa hapa mwanamume mwenye akili angesema samahani, akanyamaza. Lakini Takwimu alikuwa na ugonjwa wa kazi yake. Akiona kosa anatafuta chanzo, na kama hakuna kosa anathibitisha.

"Sikilizeni," alisema. "Jambo hili lina maelezo. Kanuni inasema miezi sita. Siku niliyojaza fomu ile, Mama alikuwa na miezi mitano na siku kumi na saba. Kwa hiyo, kitaalamu, kwa tarehe ile..."

Hata pacha mmoja aliyekuwa mlangoni alisitisha hodi yake.

"Siku kumi na saba," alisema Mkunga taratibu. "Kumbe ulikuwa unanihesabia."

"Hapana, Mama, si hivyo..."

"Miezi ile mimi nilikuwa nalala nimeketi, mtoto mmoja kwapa hili, mwingine kwapa lile. Sikujua kama ni Jumanne au Ijumaa. Na wewe, baba, ulikuwa na hesabu mpaka ya siku."

Takwimu alifungua mdomo. Mkewe alimwinulia kidole kimoja chenye mafuta, na mdomo ukafungwa.

"Wala sina ugomvi," alisema Mkunga, akainuka. "Niko tayari kusaidia taifa. Sensa ikipita nitahama. Mwenzangu wa zamani wa wodini ana chumba nyuma ya nyumba yake, nimeshampigia simu, amefurahi. Lakini siku ya kuhesabiwa nitakuwa hapa, na nitahesabiwa kwa mujibu wa kitabu. Nimekisoma. Kimeandikwa vizuri sana."

Msusi alianza kulia palepale, kwa kwikwi, kama mtoto. Takwimu hakujua aende wapi, akaenda chooni.

Kesho yake Mkunga alikwenda sokoni akarudi na jiko dogo la mkaa, sufuria moja, mwiko, na furushi la vitu vya kupikia. Akaviweka uani, chini ya dirisha la chumba chake. Takwimu alimkuta anapuliza moto.

"Mama, gesi imekwisha?"

"Gesi yenu sijui habari zake. Hili ni la kwangu."

"La kwako kivipi?"

"Ukurasa wa tisa." Mkunga hakuhitaji kufungua kitabu. "Kaya ni mtu au watu wanaopika na kula pamoja, na wanaomtambua mtu mmoja kuwa mkuu wao. Haisemi paa. Haisemi mlango. Nyumba moja inaweza kuwa na kaya mbili, umeandika mwenyewe. Ile yako iko jikoni, mimi si wa kule. Yangu hii hapa. Ya mtu mmoja, mkuu wake mimi."

Takwimu alitafuta tundu kwenye hoja ile, akazunguka nayo kichwani kutoka uani mpaka sebuleni. Hakuliona. Alikuwa ameiandika ile kanuni mwenyewe, na alikuwa ameiandika barabara.

Matokeo ya kitakwimu yalianza kuonekana siku hiyo hiyo saa moja jioni. Kwa miaka mitatu chakula cha nyumba ile kilikuwa kinatokea. Msusi anatoka saluni amechoka, Takwimu anatoka ofisini amechoka, chakula kipo mezani, na wote wawili walikuwa wameshaamini kwamba ndivyo vyakula vilivyo. Sasa meza ilikuwa tupu. Uani kulikuwa na maharage yaliyoiva yakalainika, vitunguu vimekaangwa mpaka vikawa vya dhahabu, na harufu yake ilipita chini ya mlango bila kupiga hodi.

Pacha walihama dakika ile ile. Hawakuaga. Walionekana tu uani, wamekaa chini, sahani mapajani.

"Hawa ni wageni wangu," Mkunga alimwambia binti yake. "Wakifika miezi sita nitawaandikisha."

"Mama, acha hayo."

"Kwani nimesema uongo?"

Binti mkubwa, aliyekuwa sasa na miaka kumi na mmoja na akili za baba yake, hakukurupuka. Siku ya kwanza alikula jikoni: mkate. Siku ya pili alikula jikoni: mkate, na yai lililoungua upande mmoja, alilolipika baba. Siku ya tatu alikuja mbele ya baba yake na uso wa mtu anayejiuzulu.

"Baba, nakupenda," alisema. "Lakini nahamia kwa Bibi."

"Sababu?"

"Hali ya maisha."

Takwimu alikuwa ameandika sura nzima juu ya sababu za watu kuhama. Alimruhusu.

Ofisini nako hakukuwa na nafuu. Alikwenda kwa mkurugenzi akamwomba ichapwe karatasi ndogo ya masahihisho, ibandikwe kwenye ukurasa wa arobaini na nne. Takwimu aliheshimika kwa mambo hayo. Mwaka mmoja alisimamisha kitabu kizima cha vifo na vizazi kwa ajili ya nukta iliyokaa pasipostahili, na kiwanda cha uchapaji hakikumsamehe.

Mkurugenzi akavua miwani. "Jumla gani haikulingana?"

"Jumla zinalingana."

"Basi kosa ni nini?"

Takwimu akajikohoza. "Yule mama wa mstari wa sita. Alibaki."

"Alibaki wapi?"

"Nyumbani. Hakuondoka. Ni mama mkwe wangu."

Mkurugenzi alimtazama, kisha mabega yakaanza kumcheza. "Vitabu elfu arobaini vimeshasambazwa," alisema alipoweza. "Unataka niwaandikie makarani elfu arobaini, kwa waraka wenye muhuri, kwamba mama mkwe wako alibaki?"

"Kama inawezekana."

"Toka ofisini kwangu. Na umpe pole."

Korido nzima ilijua kabla ya saa sita. Wenzake walipokutana naye mlangoni walimpisha, wakasema, "Pita, mgeni." Kwenye foleni ya chai mtu mmoja alimuuliza amekaa pale miezi mingapi. Takwimu alicheka pamoja nao, kicheko cha mtu aliyebanwa na kiatu.

Jioni ya siku ya sita alimkuta mkewe uani, amekaa kwenye kigoda, anakula kwenye sahani ya Mkunga.

"Hata wewe?"

"Hata mimi." Msusi hakuacha kutafuna. "Natoka kusuka vichwa sita, Baba Pacha. Ulitaka nije nichemshe nini? Mama amenipakulia, nimekula. Na nikwambie kitu. Sili kwa njaa tu. Nakula hapa kwa sababu wiki ijayo hatakuwepo, na wewe umekaa huko ndani unatafuta kifungu."

"Nimejaribu kusahihisha kitabu."

"Nani amekwambia usahihishe kitabu? Mama yangu anakunja nguo zake. Jana nimemwona anampa binti yako sanduku la sindano, zile za kushonea, anamwambia ukae nalo. Wewe unasahihisha kitabu!"

Takwimu alirudi ndani. Alikunywa chai na mkate, peke yake, kwenye meza ya watu sita. Alijisikia vibaya, vibaya kweli, na kwa mara ya kwanza wiki ile hakukuwa na namba yoyote kichwani mwake ya kumsaidia.

Siku ya sensa mwalimu wa chekechea alikuja saa tatu asubuhi, kizibao cha karani kimempwaya, begi begani, dodoso mkononi. Alikuwa amefaulu mtihani kwa alama za juu na alikuwa anaogopa nyumba ile kuliko nyumba zote za eneo lake. Walimweka uani kwa sababu ndiko kulikokuwa na watu. Mkunga alikuwa kwenye kigoda kando ya jiko, sufuria iko motoni. Msusi alifunga saluni. Pacha walinyamazishwa kwa kuahidiwa kwamba nao watahesabiwa.

"Habari za asubuhi," alisema karani, kama ilivyoandikwa. "Taarifa zenu ni siri na zitatumika kwa ajili ya takwimu tu. Nyumba hii ina kaya ngapi?"

Takwimu akasema, "Moja."

Mkunga akasema, "Mbili."

Karani akawatazama wote wawili. Akafungua mwongozo ukurasa wa tisa, akamtazama aliyeuandika, akameza mate. "Samahani, Baba Pacha. Inabidi niulize. Nani anakula chungu gani?"

Mikono ikaonesha sufuria ya Mkunga. Msusi, binti mkubwa, pacha wawili kwa mikono yote minne.

"Na wewe, Baba Pacha?"

"Mimi... nakunywa chai. Ndani."

"Peke yako?"

"Peke yangu."

Karani akaandika. Kaya ya kwanza, mkuu wake mkunga mstaafu, watu watano. Akachukua dodoso jingine, jeupe, akaandika juu yake kaya ya pili. "Mkuu wa kaya, jinsia mwanamume. Hali ya ndoa?"

"Nimeoa."

"Mke yuko wapi?"

"Yule pale."

"Yule nimeshamwandika kwa Bibi," alisema karani kwa huzuni ya kweli. "Watoto?"

"Wale pale."

"Nao nimeshawaandika." Akasita. "Kwa hiyo kaya ina mtu mmoja."

Jirani mmoja aliyekuwa anaanika nguo upande wa pili wa ukuta alicheka, kisha akajifanya anakohoa. Takwimu alilitazama lile dodoso. Mistari kumi na miwili, kumi na mmoja mitupu. Maelfu ya madodoso kama lile yalipita mikononi mwake kila sensa, wazee wa peke yao, wajane wa vyumba vya uani, na aliyajumlisha bila kupepesa jicho. Akaona chumba cha nyuma ya nyumba ya mtu, na mama huyu ndani yake, na karani anayegonga.

"Mama," alisema. "Nimekosa."

"Umekosa nini?" Mkunga hakugeuka, alikuwa anakoroga. "Hesabu ilikuwa sahihi. Nimeirudia mwenyewe. Miezi mitano na siku kumi na saba, hujakosea hata siku."

"Hesabu ilikuwa sahihi. Mimi ndiye niliyekosa. Ulikuwa unalea wanangu, nami nikakuangalia nikaona mfano. Ningeweza kuandika mtu yeyote. Ningeweza kubuni mgeni. Sikuwaza. Wala baada ya hapo sikuwahi kukuuliza kama umefika au bado uko njiani." Alikuwa anaongea na mgongo wake. Mkwe kuongea namna ile mbele ya watu ni aibu, na uso ulikuwa umemwiva, lakini aliendelea. "Mama, usihame. Naomba. Na huyu karani aichane hii fomu. Naomba niandikwe kwako."

Mwiko ukasimama.

Mkunga alimgeukia karani. "Inaruhusiwa?"

Karani alipekua kurasa. "Inaruhusiwa, Bibi. Ila lazima awe anakula humo. Nikimwandika naye hali humo, nitakuwa nimedanganya taifa."

"Pacha," alisema Mkunga. "Mleteeni baba yenu sahani."

Zikaja mbili. Takwimu alipakuliwa maharage saa tatu na nusu asubuhi, ya moto ajabu, akayala amechuchumaa, mbele ya serikali, huku karani amemkazia macho na kalamu iko hewani. Alipomeza tonge la tatu karani alipumua.

"Sasa ndiyo," alisema, akaandika. "Mstari wa sita. Uhusiano na mkuu wa kaya, mkwe."

Msusi alicheka huku akijifuta macho kwa upindo wa khanga. Hata Mkunga alitabasamu kidogo, upande mmoja. Wangeishia hapo wangekuwa wameishia vizuri. Lakini dodoso lilikuwa na ukurasa wa nyuma, wa wanawake wote kuanzia miaka kumi na miwili, na karani hakuruka swali.

"Bibi, umezaa watoto wangapi waliozaliwa hai?"

"Saba."

Takwimu aliacha kutafuna. Swali lile alikuwa amelitunga yeye. Aligombana kwenye vikao viwili vizima ili lisiondolewe. Na miaka yote hii, chini ya paa moja, hakujua jibu lake.

"Wangapi wanaishi kwenye kaya hii?"

Mkunga alimtazama binti yake, kisha akatazama moto. "Niandikie kwanza waliofariki," alisema. "Sita. Wawili surua, wiki moja. Wengine, kila mmoja na lake. Nikitoka kuzika narudi wodini napokea wa wenzangu. Nimepokea elfu nne na kitu, sijawahi kumwonea mtu wivu. Andika sita."

Karani akaandika. Alikuwa analia bila sauti na alikuwa anaficha kwa kuinamia karatasi. Msusi alisogeza kigoda chake mpaka goti lake likagusa la mama yake.

"Wanaoishi kwingineko?"

"Sifuri."

"Na wanaoishi hapa?"

"Wawili."

Karani akainua kichwa. "Bibi... samahani. Saba toa sita..."

"Wawili. Huyu hapa, na huyo anayekula."

"Huyo ni mkwe, Bibi. Swali ni la kuzaa."

"Swali limeuliza wangapi wanaishi hapa. Nimekujibu."

Karani alimgeukia mwenye kitabu, amuokoe. Kila mtu aligeuka. Takwimu alikuwa na sahani mkononi na maharage kwenye kidevu. Aliifahamu kanuni hiyo. Watoto wa kuzaa tu, si wa kulea, si wakwe. Alikuwa ameipigia mstari mara mbili.

"Karani habishani na mtoa taarifa," alisema, akijifuta kidevu. "Anaandika jibu alilopewa. Andika wawili."

Karani akaandika.

Ilikuwa kama miezi miwili baadaye, ofisini, ndipo mashine ya kukagua makosa ilipotema karatasi ile. Kijana wa uhakiki aliileta mezani kwa Takwimu pamoja na nyingine thelathini.

"Mzee, hii imekataa kabisa," alisema. "Mama amezaa saba, waliofariki sita, walio hai wawili. Nirekebishe iwe mmoja?"

Takwimu aliichukua. Aliutambua mwandiko wa mwalimu wa chekechea, herufi kubwa za duara kama za ubaoni.

"Iache," alisema.

"Lakini hailingani. Saba toa sita..."

"Kutoa najua."

Kijana hakuondoka. Alikuwa amefundishwa kazi na mtu huyu huyu aliyesimamisha kitabu kizima kwa ajili ya nukta. "Mzee, tukiiacha itaingia kwenye majedwali. Kwenye kitabu kikubwa. Watoto walio hai watazidi kwa mmoja, nchi nzima."

"Watazidi," alikubali Takwimu. Akachukua kalamu, akaandika pembeni kwamba jibu limethibitishwa nyumbani kwa mhusika, akatia sahihi na tarehe. Kitabu kikubwa kilitoka mwaka uliofuata, na yule mtoto wa ziada yumo mpaka leo, jedwali la watoto walio hai, safu ya mwisho. Lakini jioni ile ya kutia sahihi alikuwa anakusanya karatasi zake haraka haraka awahi nyumbani, kwa sababu mama yake hapendi chakula kipoe.